Maneno Niliyokataa Kuyatafsiri

Oliva mwanangu,

Mchungaji hatakuja stendi kesho. Mzee Filimoni amepita hapa mchana kunijulisha. Amesimama uani, kigoda nilichomsogezea hakukikalia, akasema wazee wa kanisa wamekaa na kuona kwamba haiwezekani kumwekea mikono mtu anayeondoka na kiburi. Ila mlango uko wazi mpaka jioni. Uende nyumbani kwa Mchungaji, upige magoti, useme ulikosea kufundisha ulichofundisha, basi kesho watakuja wote kukusindikiza, na kwaya juu. Nikamjibu, "Asante mzee, ujumbe umefika." Akangoja niseme zaidi. Nikarudisha kigoda ndani, akaondoka.

Wewe umekwenda Kitahana kumuaga shangazi yako, na ninavyomjua, hatakuachia mpaka ule mara mbili. Kwa hiyo nafasi ninayo. Nimefunga mlango wa chumbani, nimemwambia baba yako asinisemeshe, nakuandikia. Isome leo usiku ukirudi, popote, ila usiisome mbele yangu maana sitajua pa kuweka macho.

Mambo ya sweta, dawa, pasipoti ikae wapi, nani usile chakula chake njiani, hayo nayaruka. Ulikaa Dodoma miaka yako ya chuo ukarudi mzima. Dagaa na mawese nimekufungia, na kama watu wa uwanja wa ndege watakunyang'anya, basi angalau watakula vizuri.

Ninachotaka kukuambia ni kwamba hukukosea. Mimi ndiye niliyewahi kukosea, tena kanisani humohumo, mbele ya watu walewale, na ndiyo maana Jumapili iliyopita nilifanya vile nilivyofanya. Wewe unadhani nilikuwa nakutetea tu kwa sababu ni mama yako. Kuna zaidi ya hapo.

Kwanza ile Alhamisi. Walikuomba wenyewe ufundishe kipindi cha Biblia, binti yetu msomi, binti yetu anakwenda Uhindi kusoma lugha za Maandiko, sifa mpaka nikaona aibu. Ukachagua Danieli. Ukawaeleza kwamba kitabu kile kinaanza kwa Kiebrania, kisha Wakaldayo wanapofungua kinywa mbele ya mfalme lugha inageuka Kiaramu, na inabaki Kiaramu mpaka mwisho wa sura ya saba ndipo inarudi ilikotoka. Watu wakafurahi. Mama Yusta akasema, "Ni kama sisi! Ukienda kwa mtendaji unaanza na Kiswahili, ukishakasirika unamalizia na Kiha." Tulicheka sote, hata Mchungaji. Mpaka hapo ulikuwa malaika.

Kisha ukatoa la pili. Ukasema wale wa kale waliokitafsiri kwa Kigiriki walituachia Danieli wawili, na katika sura za katikati hawafanani, na kwamba kanisa la zamani lilimtumia mmoja, baadaye likamweka kando likamchukua mwingine. Ulilisema kwa sauti ileile ya kawaida, kama mtu anayetaja bei ya maharage. Mzee Filimoni akainuka.

"Binti, kwa hiyo hii tuliyonayo mkononi ni ya uongo?"

"Hapana, mzee. Nasema waliotuletea neno kwa lugha zao walikuwa watu, walihangaika, walichagua."

"Na sisi tutajuaje ipi ni sahihi?"

"Ndiyo ninayokwenda kujifunza, mzee."

Nilikuwa nimekaa nyuma, nikajua papo hapo kwamba mambo yameharibika. Jibu lilikuwa zuri. Tatizo ni kwamba ulitabasamu. Una tabasamu la bibi yako mzaa mama: watu wanadhani unawadharau, kumbe unaona haya.

Baba yako anataka uombe radhi. Nakuambia mwenyewe usije ukasikia kwa watu. Anasema funika kombe mwanaharamu apite, neno "samahani" halina uzito, litamke upate baraka uende. Wala si mwoga. Amezaliwa hapa Kibondo, ana kaka zake, ana shamba la babu yake, ukoo mzima uko nyuma yake. Mtu wa namna hiyo akiomba radhi hapungukiwi na kitu. Mimi nilivuka mpaka wa Burundi pale Mabamba mgongoni mwa bibi yako, sijui hata kutembea. Nilikua nikisema ndiyo. Ndiyo mwalimu, ndiyo mwenyekiti, ndiyo mzee. Tulipopewa uraia niliendelea kusema ndiyo, kana kwamba wangeweza kuuchukua tena nikibisha. Nimechoka na hiyo ndiyo, Oliva. Sitaki uondoke nayo kwenye begi.

Ukalimani nao niliupata kwa njia hiyohiyo. Kirundi changu na Kiha cha hapa ni ndugu wa tumbo moja, na Kiswahili nilikisoma shuleni kwa bidii ya mtoto anayeogopa kurudishwa. Mchungaji tuliyekuwa naye wakati ule alitoka mbali, Kiha hajui, na wazee wetu wa benchi la mbele Kiswahili hawajui. Wakatafuta mtu, wakanipata. Anasema sentensi, ananyamaza, nasema mimi. Nilikuwa hodari, sijidai. Watu walikuwa wakiniambia, "Mama Oliva, ukitafsiri wewe tunasahau kama Mchungaji yupo." Nilipenda sana kuambiwa hivyo.

Perpetua humkumbuki, ulikuwa mdogo. Alikuwa sauti ya kwanza kwenye kwaya yetu. Akaolewa na Mwislamu mwenye duka Kasulu mjini, kijana mpole, hakumlazimisha kitu. Kanisa likamtenga. Siku ya kutangaza hakuwepo. Aliyekuwepo ni mama yake, Bibi Anastazia, amekaa mbele kabisa kwa sababu masikio yalikuwa yameanza kuchoka. Mchungaji alisema maneno machache: dada yetu ametengwa, tumwombee arudi. Basi. Akanyamaza, ikawa zamu yangu.

Nikaongeza chumvi. Mpaka leo najiuliza kwa nini. Kanisa lilikuwa kimya, macho yote yalikuwa kwangu, na mimi mtoto wa mkimbizi nikaona raha kusikilizwa namna ile. Nikasema kwa Kiha kwamba Perpetua ameuza wokovu wake kwa khanga na mchele. Nikasema mama aliyemlea ajiulize alikosea wapi. Mchungaji hakuyasema hayo, na hakuwa na namna ya kujua kwamba yamesemwa. Waliojua lugha zote mbili walisikia, na hakuna aliyenigusa bega. Wengine walicheka chinichini.

Bibi Anastazia akaacha kuitikia salamu yangu. Nikajiambia, maneno si yangu, mimi ni mdomo tu. Nilijiambia hivyo muda mrefu. Mwishowe nikaenda kwake na sukari. Nilimkuta anamenya muhogo. Nikamwambia, "Bibi, yale ya siku ile yalikuwa ya Mchungaji." Unaona, hata kwenda kuomba radhi nilikwenda na uongo. Akanijibu kwa Kiha, bila kunyanyua kichwa, nami nakuandikia kwa Kiswahili:

"Huyo Mchungaji sijawahi kuelewa neno lake hata moja. Mtu niliyemsikia ni wewe."

Sukari akapokea, akashukuru, akaendelea kumenya. Kanisani hakurudi mpaka tulipomzika.

Sasa wewe ukarudi likizo kutoka Dodoma, tukakaa hapo uani tunachambua maharage, ukaanza kunisimulia habari za sinagogi za zamani. Kwamba watu walikaa ugenini mpaka Kiebrania kikawa hakieleweki na wengi. Kwamba msomaji alisoma kwenye gombo kwa Kiebrania, na mtu mwingine alisimama kando yake akiwaeleza watu kwa Kiaramu, mstari baada ya mstari. Na kwamba huyo wa kando hakuruhusiwa kulitazama gombo wakati anasema, watu wasije wakadhani maneno yake yameandikwa mle. Nikaacha kuchambua. Ukaniuliza, "Mama, vipi?" Nikasema moshi umeniingia.

Hakukuwa na moshi wowote. Nilimwona Bibi Anastazia. Wale watu wa kale walikuwa wameshamfikiria yeye, mwanangu, kabla hata Kibondo haijawa Kibondo. Walijua kwamba aliye benchi la mbele hana pa kwenda kuhakikisha, na kwamba mkalimani akijisahau kidogo tu, anakuwa yeye ndiye kitabu. Wakamwekea masharti. Mimi hakuna aliyeniwekea sharti lolote, nami sikujiwekea. Ni siku hiyo nilipoacha kukuuliza kwa nini usisomee uhasibu.

Kwa hiyo Jumapili iliyopita, Mchungaji wetu wa sasa alipokuita mbele, nilikuwa nimesimama mahali pangu kando ya mimbari kama kawaida. Ulikuwa umevaa kile kitenge cha bluu. Akasema, "Kanisa, binti huyu ameingiwa na mbegu ya mashaka, na ameanza kuipanda kwenu. Tunamkemea kama wazazi." Akanyamaza, akanigeukia.

Nami nikanyamaza.

"Mama Oliva," akasema taratibu. "Tafsiri."

"Hapana, Mchungaji."

"Hukusikia?"

"Nimesikia. Hayo siyatafsiri. Binti yangu hajapanda mashaka, amefundisha alichoombwa kufundisha."

Benchi la mbele wakaanza, "Avuze iki? Avuze iki?" Wanataka kujua amesema nini, na mimi mwaka na mwaka ndiye wa kuwaambia, na siwaambii.  Usije ukawasimulia watu kwamba mama yako ni jasiri, nilishika ukingo wa mimbari nisianguke. Mzee Filimoni akaja mbio kuziba pengo, akatafsiri, akatafsiri, akamtaja shetani, akataja simu za siku hizi, mpaka Mama Yusta akapaza sauti, "Mzee, Mchungaji kasema neno moja, la kwako limekuwa mkutano!" Watu wakacheka. Niliona hata Mchungaji anang'ata mdomo. Lakini kucheka kukaisha, na nafasi yangu ya ukalimani nayo ikaisha. Amepewa mpwa wake Filimoni. Namtakia kila la heri, Kiha chake kina mashimo kama barabara ya Mabamba wakati wa masika.

Kuna mtu ameniuliza kama inaniuma. Inaniuma. Niliipenda ile kazi kuliko kitu chochote nilichofanya nje ya nyumba hii. Lakini nikilinganisha na uzito niliobeba kwa ajili ya yule bibi, hili naweza kulibeba huku naimba.

Kosa lako moja nalijua, nalo nitalitaja maana ni mimi niliyekuzaa. Unapenda kuwa sahihi haraka. Alhamisi ile ungeweza kuanza kwa kuwaambia kwamba Danieli wote wawili, huyu na yule, wanatupwa kwa simba na wanatoka wazima. Ungewashika mkono kwanza, ndipo uwaonyeshe palipo na tofauti. Wale wazee neno hilo ndilo walilonalo. Wengine walivuka mpaka na Biblia na sufuria, vingine vyote wakaacha. Ukija na kusema mbele yao kwamba ziko mbili, wanasikia unataka kuwanyang'anya moja. Kwa hilo siwalaumu. Ninawalaumu kwa kutaka upige magoti ukanushe jambo ambalo ni kweli, na hapo mimi na wao tumeachana.

Wanaulizana msichana wa huku anatafuta nini kwenye lugha iliyokufa kama hicho Kiaramu. Kwanza haijafa, umeniambia wapo wanaoizungumza hadi leo, na huko unakokwenda, kusini mwa Uhindi, Wakristo wa kale bado wanaimba ibada kwa Kisiria, ndugu yake wa karibu. Pili, nani aisome kama si wewe? Ni lugha ya watu waliohamishwa kwa nguvu, wakapewa majina mapya, wakalea watoto kwa lugha ya walikofikia mpaka ya nyumbani ikahitaji mkalimani. Ukinisomea habari hizo nasikia habari za bibi yako. Nilikukataza Kirundi ulipokuwa mdogo, unakumbuka? Ukikitamka mbele ya wageni nilikufinya. Nilitaka usikike Mtanzania kamili. Wewe ukajifunza kwa bibi yako jikoni, kwa siri, na namshukuru Mungu kwamba hukunitii.

Kuna ule mstari wa Yeremia ulionionyesha, mmoja tu kwa Kiaramu katikati ya kitabu kizima cha Kiebrania. Ukasema wengine wanadhani watu waliwekewa midomoni ili wawe na la kuwajibu mabwana wa ugenini kwa lugha yao wenyewe mabwana. Nimeupenda kuliko yote. Huko uendako watakuwepo watakaokuuliza Kigoma ni nini, na ulifikaje darasani mwao. Uwe na la kuwajibu, kwa lugha yao, na usiliseme huku umeinama.

Sasa jambo baya. Mzee Filimoni alipokuwa anatoka aligeuka langoni akaniambia kwamba barua imeshakwenda Kasulu kwa wakubwa wa kanisa, wakiombwa wawaandikie wanaokufadhili kwamba kanisa lako halina imani nawe. Labda kitu kitatokea, labda hakitatokea.  Nami, Mungu anisamehe, nikataka kucheka, kwa sababu nilikikumbuka kitabu cha Ezra.

Ulinisomea zile sura za Kiaramu nikakuambia mbona hii ni ofisi ya kata kabisa. Watu wanajenga hekalu, majirani wanawachukia, wanaandika barua ya majungu kwa mfalme: hawa ni wakorofi tangu zamani, ukiwaacha utajuta. Mfalme anajibu, kazi inasimama. Nilikuuliza ikawaje. Ukasema ilisimama kwa muda mrefu, mpaka siku moja wakainuka wakaanza kujenga tena. Nikauliza, "Ruhusa ilikuwa imekuja?" Ukasema, "Bado, mama. Ruhusa ilikuja baadaye, walipokuwa wameshaanza." Na mkuu wa jimbo akaja na watu wake kuwauliza ni nani aliyewaamuru kujenga, na wao hawakuacha kazi wakati wanahojiwa.

Basi panda basi kesho. Jibu la Kasulu usilingoje. Likija baya, likukute darasani na daftari limefunguliwa. Wakikukatia ufadhili, rudi. Nyumba ipo, mihogo ipo, tutafikiri upya, na hutakuwa umemwaibisha mtu yeyote hapa. Ninaogopa, Oliva. Naogopa utafika kule wakuambie hakuna nafasi yako, uwe peke yako nchi ya watu. Nimeliwaza hilo tangu mchana. Lakini naogopa zaidi kukuona umepiga magoti kwenye sebule ya Mchungaji ukisema hapana kwa kitu unachojua ni ndiyo, na mimi nimesimama kando nikikubali.

Kuhusu kuwekewa mikono, usiondoke ukidhani umenyimwa. Nimemwita baba yako sasa hivi kupitia mlangoni, nikamuuliza kama kesho kabla hatujatoka atakuwa tayari kukuombea nami hapahapa sebuleni, bila Mchungaji.  Akasema, "Mikono ninayo." Sasa nasikia anafunga begi lako kwa mpira wa baiskeli, anavuta na kunung'unika, na simwambii kwamba zipu yake ni nzima.

Jumapili nitakwenda kanisani kama siku zote. Sitabadilisha kanisa, sitakaa nyuma. Watauliza, nawajua, watauliza mbele ya watu wote ni nani aliyemruhusu binti huyu aondoke bila kutubu. Nitasimama nijibu kwa Kiswahili ili Mchungaji asikie, kisha nitawageukia wazee wa mbele niwaambie kwa Kiha, nisiongeze neno na nisipunguze, kwamba hakuruhusiwa na mtu, ametumwa, na aliyemtuma ni mimi,

Mama yako.